Maswali Yenu: Ngome ya Takamatsu Ilivyozamishwa na Maji, 1582

Toleo lililopita tuligusia vita vya samurai vya Japani, na nikataja kwa mistari miwili tu kwamba jenerali Hideyoshi aliiteka ngome ya Takamatsu kwa kuizamisha. Mistari miwili imeleta barua nyingi kuliko makala yote, kwahiyo leo ukurasa mzima ni wa hilo, na nimechukua zile barua zilizouliza vitu ambavyo wengine wengi wameuliza pia.

Shikamoo mwandishi. Mi nalima mpunga huku Kilombero na maji nayajua, maji hayapandi mlima. Sasa ngome inazamishwaje? Au ni hadithi tu za kupamba? (Msomaji, Morogoro)

Marahaba mwanangu. Wala hayakupanda mlima, ngome yenyewe ndo ilikuwa bondeni, na hapo ndipo mambo yote yalipoanzia.

Watu wakisikia ngome ya Japani wanaona kichwani lile jengo refu jeupe lenye mapaa yaliyopinda juu ya msingi wa mawe, mfano Himeji, lakini Himeji mnayoiona kwenye picha ilikamilika 1609, miaka mingi baada ya haya. Takamatsu ya mkoa wa Bitchu, ambayo leo iko ndani ya jiji la Okayama, ilikuwa ngome ya udongo na mbao kwenye uwanda wa chini kabisa, imezungukwa na kinamasi na mashamba ya mpunga. Na hicho kinamasi ndo kilikuwa ukuta wake, manake farasi anazama, askari mwenye deraya anazama mpaka magoti, na njia za kuingilia ni nyembamba, ukija na watu elfu thelathini wanaingia wachache wachache na bunduki za ndani zinawasubiri. Hideyoshi alikuwa na kama 30,000 kweli, wakiwemo watu wa ukoo wa Ukita waliokuwa wamehamia upande wake, na ndani walikuwa elfu tatu mpaka tano hivi chini ya kamanda mmoja anaitwa Shimizu Muneharu. Wakajaribu kushambulia wakapigwa, wakarudi nyuma.

Kidogo historia ili twende sawa. Japani ya wakati ule ilikuwa imeshapigana yenyewe kwa yenyewe kwa zaidi ya miaka 100, kila bwana na ardhi yake na jeshi lake, na aliyekuwa amefika mbali zaidi kuwaweka wote chini ya mkono mmoja ni Oda Nobunaga. Upande wa magharibi palikuwa na ukoo mkubwa wa Mori na Nobunaga akamtuma Hideyoshi akamalizane nao kuanzia 1577. Takamatsu ilikuwa moja ya ngome za mpakani za Mori, ikianguka hiyo mlango uko wazi.

Sasa wewe mkulima wa mpunga utanielewa haraka kuliko wengine, manake alichofanya Hideyoshi ni jaruba, jaruba kubwa lenye ngome katikati. Mshauri wake Kuroda Kanbei ndo anatajwa kuwa mwenye wazo. Waliangalia uwanda ule wakaona milima iko upande huu na huu, mto Ashimori unapita pembeni, na msimu wa mvua za Juni unakaribia, basi wakaanza kujenga tuta mwishoni mwa Mei ili kuziba uwazi kati ya milima, alafu wakaugeuza mto uingie ndani. Kumbukumbu za kale zinasema tuta lilikuwa karibu kilomita 3, urefu wa kwenda juu mita 7 hivi, na lilikamilika kwa siku 12. Inasimuliwa kwamba wakulima wa jirani waliambiwa kila anayeleta kiroba kimoja cha udongo analipwa fedha na kipimo cha mchele pale pale, na kuufunga mto wakazamisha mashua zilizojaa mawe. Hebu fikiria mkulima mwenye njaa ya miaka ya vita anaambiwa udongo ni pesa, unadhani atalala usiku?

Unauliza kama ni hadithi za kupamba. Watafiti wa siku hizi wanaona huenda lile tuta la kilomita 3 limekuzwa, kwamba kingo za asili za mto zilishafanya sehemu kubwa ya kazi na palipohitaji kuzibwa ni kipande kifupi zaidi, mita mia kadhaa, mahali panaitwa Kawazugahana. Na kuna jambo moja linatia nguvu maoni yao, mwaka 1985 eneo lile lilipigwa na mvua kubwa na maji yakasimama kwenye uwanda ule ule kuzunguka mabaki ya ngome, bila Hideyoshi, bila viroba. Mi naona hilo halimpunguzii kitu, linamuongezea, kwasababu aliisoma ardhi ikamwambia pa kuziba. Mvua zikaja, maji yakapanda, na ngome ikawa kisiwa, watu wakahamia juu ya mapaa na juu ya miti na kuvuka toka jengo hili kwenda lile ni kwa mtumbwi. Ghala la chakula kwenye ngome ya udongo maji yakiingia unajua yanachofanya.

Mbona Mori hawakuja kuwaokoa watu wao? Walikuwa waoga? (Msomaji, Iringa)

Walikuja. Mori Terumoto mwenyewe na baba zake wadogo wawili, Kikkawa Motoharu na Kobayakawa Takakage, majenerali wazito kabisa, walifika na jeshi wakapiga kambi kwenye milima ya jirani, na wakawa wanaiona ngome kwa macho yao imekaa katikati ya ziwa. Na hapo wakakwama, kwenda kwa mashua chini ya bunduki za adui ni kujiua, kulivunja tuta maana yake kuwapita watu elfu thelathini kwanza, na Nobunaga mwenyewe alikuwa njiani anakuja kuongeza nguvu. Kwahiyo wakafungua mazungumzo kupitia mtawa mmoja, Ankokuji Ekei, wakasema tutakupa mikoa mitano, ila watu walio ndani waachwe hai wote. Hideyoshi akasema mikoa sawa, na kichwa cha Muneharu pia. Mori wakakataa, na mi nawaheshimu sana kwa hilo, manake Muneharu kabla ya vita alikuwa ameahidiwa na upande wa Nobunaga mkoa mzima wa Bitchu kama atahama, na yeye alikataa. Utamtoaje mtu wa namna hiyo?

Naomba unieleze huyu Muneharu alikufaje na kwanini, nimesoma mahali kwamba alidanganywa. Iliniuma. (Msomaji, Tanga)

Dada yangu hata mimi inaniuma kila nikiisoma, na ndo sehemu ya habari hii ambayo watu hawaipi nafasi yake.

Tarehe 21 Juni 1582, huko Kyoto, mbali kama kilomita 200, jenerali mwingine wa Nobunaga anaitwa Akechi Mitsuhide aligeuka, akalizingira hekalu la Honnoji ambako bwana wake alikuwa amelala na watu wachache, na Nobunaga akafia mle ndani kwenye moto. Habari zikamfikia Hideyoshi usiku ndani ya kama siku mbili. Inasimuliwa kwamba mjumbe wa Mitsuhide alikuwa anawapelekea Mori barua, giza likamchanganya akaishia mikononi mwa watu wa Hideyoshi. Vyovyote ilivyokuwa, Hideyoshi akajua na Mori hawakujua.

Sasa jiweke nafasi yake. Bwana wako kafa, nyuma yako kuna msaliti ameshika mji mkuu, mbele yako jeshi la Mori, na jeshi hilo likijua tu, unafinywa katikati. Akafunga njia zote habari zisipite, akamuita yule mtawa Ekei, akalegeza masharti usiku ule ule, badala ya mikoa mitano mitatu inatosha, ila Muneharu afe, na afe upesi. Ekei akaenda mwenyewe ngomeni akamweleza Muneharu, na Muneharu akakubali bila kuvutana, maisha yake kwa maisha ya watu wote waliobaki ndani.

Tarehe 23 Juni alipanda mtumbwi. Alikuwa na miaka kama 45. Kabla ya hapo alihakikisha ngome imesafishwa na kupangwa, ili anayeipokea asikute uchafu. Hideyoshi alimtumia pombe ya mchele na vyakula vya kuagana. Mtumbwi ukapigwa kasia mpaka katikati ya maji, kambi zote mbili zinaangalia toka milimani, akanywa kikombe, akasimama akacheza kipande cha ngoma ya jukwaani ya Noh inayoitwa Seiganji, akaandika shairi lake la mwisho ambalo maana yake ni kwamba sasa ndo anaivuka dunia hii ipitayo, na jina la mpiganaji analiacha kwenye kuvumwani la msonobari wa Takamatsu, kisha akajipasua tumbo, seppuku. Kaka yake Gessei, aliyekuwa mtawa, alikufa naye pale pale, na msimamizi aliyetumwa na Mori, Suechika, naye hakukubali kubaki.

Alidanganywa? Alifichwa habari. Mtu aliyeagiza kifo chake alikuwa anajua kwamba mambo yamebadilika na kwamba siku mbili tatu za kusubiri zingeweza kumuokoa Muneharu na hata kuigeuza vita yote. Hideyoshi alimsifu sana baadaye kama mfano wa samurai, na namuamini kwamba alimaanisha, lakini sifa hizo hazifuti kwamba aliharakisha kifo cha mtu kwa siri aliyoishika mfukoni. Ila na upande wa pili upo, watu wa ngomeni walitoka wakiwa hai kama ilivyoahidiwa. Ahadi hiyo Hideyoshi aliitimiza.

Mori walipata habari muda mfupi baadaye. Kikkawa Motoharu alitaka wamfukuze wamkate mgongoni, Kobayakawa Takakage akasema tumeshaapa, hatuvunji. Hideyoshi akaondoka na jeshi lake kwenye mvua, akapita Himeji ambako inasemekana aligawa akiba yote ya fedha na mchele kwa askari, akafika Yamazaki karibu na Kyoto, na tarehe 2 Julai akampiga Mitsuhide. Yaani siku tisa toka ule mtumbwi. Mitsuhide akauawa akikimbia. Hiyo safari Wajapani wanaisimulia mpaka leo, na ndani ya miaka minane tu Hideyoshi akawa mkuu wa Japani nzima. Takakage hakusahauliwa, alikuja kuwa mmoja wa wakuu watano waliokabidhiwa kuangalia utawala.

Hivi hawa samurai si ndo wale wa upanga na heshima? Mbona unatuambia habari za viroba vya udongo? Wajukuu zangu wanacheza gemu zao wananiona nimeharibu utamu. (Mzee msomaji, Dodoma)

Shikamoo mzee wangu. Waambie wajukuu panga zilikuwepo, lakini ngome nyingi hazikuanguka kwa panga, na Hideyoshi hasa alikuwa bingwa wa kushinda bila kupanda ukuta. Yeye mwenyewe alitoka familia ya chini, hakuzaliwa samurai mkubwa, na nadhani ndo maana alielewa vizuri mchele unavyotembea na kibarua anavyofikiri kuliko hao waliokulia kwenye mafunzo ya upinde.

Kabla ya Takamatsu kulikuwa na ngome ya Miki, aliizingira toka 1578 mpaka mwanzoni mwa 1580, akakata njia zote za chakula mpaka bwana wa pale, kijana Bessho Nagaharu, akajiua ili watu wake waachwe. Kisha ikaja Tottori, 1581, na hii mzee naiandika kwa shida. Kabla hata jeshi halijafika, wafanyabiashara walitumwa mkoani Inaba, ambako ndiko Tottori, wakanunua mchele kwa bei kubwa kupita ya soko, watu wakauza kwa furaha, mpaka inasimuliwa wa ngomeni wenyewe wakauza wa ghalani. Alafu jeshi likaja, likawasukuma wanavijiji wakimbilie ndani ya ngome ili midomo iwe mingi, likazungushia uzio na minara, likakaa. Toka kiangazi mpaka Novemba. Wakala majani, wakala mabua ya mpunga, wakala ng'ombe na farasi, na kumbukumbu za wakati ule za upande wa Nobunaga wenyewe zinasema watu waliokuja kwenye uzio kulia waachiwe wakipigwa risasi, wenzao waliwakimbilia na visu kabla hawajakata roho. Wengine waliookoka walikufa siku ile ya kufunguliwa kwasababu walikula uji haraka mno, mwili uliokauka kwa njaa haubebi.

Kamanda wa Tottori aliitwa Kikkawa Tsuneie, na alipotumwa kwenda kuishika ngome ile alibeba kabisa chombo cha kuwekea kichwa chake mwenyewe. Kabla ya kujiua aliwaandikia watoto wake barua kwa herufi rahisi za kana, ili waweze kuisoma wenyewe, akawaambia kwamba wamevumilia mchana na usiku siku 200, chakula kimekwisha, basi yeye mmoja atatumika ili wengine waokoke. Mzee, kama wajukuu wanataka habari ya heshima ya samurai, mi ningewasomea hiyo barua kwanza.

Nimesikia kulikuwa na Mwafrika kwenye vita hivi. Ni kweli au ni mambo ya sinema? (Msomaji, Mombasa)

Ni kweli, anaitwa Yasuke. Alifika Japani 1579 pamoja na padri Mjesuiti Alessandro Valignano, na kitabu cha padri mmoja Mfaransa cha 1627 kinasema alitokea Msumbiji. Njia yenyewe nyie wa pwani mnaijua, ni ile ya Wareno, Msumbiji kwenda Goa kwenda mashariki, na ni Wareno hao hao waliofikisha bunduki Japani mwaka 1543. Nobunaga alimuona 1581, hakuamini kwamba ile ni rangi ya ngozi akaamuru aoshwe, alafu akampenda, akampa nyumba, posho na upanga. Kumbukumbu zinamtaja kijana wa miaka 26 au 27 mwenye nguvu za watu kumi.

Na anaungana na habari yetu moja kwa moja, kwasababu alikuwepo Honnoji asubuhi ile. Nobunaga alipokufa Yasuke alikwenda kujiunga na mtoto wa Nobunaga aliyekuwa jengo jingine, akapigana muda mrefu mpaka alipoutoa upanga wake, na Mitsuhide hakumuua, akasema apelekwe kwenye kanisa la mapadri. Kwahiyo wakati Muneharu anahesabu saa zake juu ya maji, mtu wa upande wetu wa bahari alikuwa anapigana kwenye tukio lile lile lililoamua kifo chake. Takamatsu yeye hakuwepo, naona wengi wanachanganya.

Kwani hawakuwa na mizinga wakabomoa ukuta wakamaliza kazi? (Msomaji, Dar es Salaam)

Mwaka 1582 ilikuwa michache, na ukuta wa udongo mnene juu ya msingi wa udongo unameza tu risasi. Mizinga ilikuja kufanya kazi kweli Osaka, 1614, Tokugawa Ieyasu, bwana aliyeishika Japani baada ya Hideyoshi, alipoizingira ngome aliyoijenga huyu huyu Hideyoshi, wakati huo Hideyoshi ameshakufa na ndani yuko mwanae Hideyori na mama yake, Yodo. Risasi ya mzinga ikaangukia makazi ya wanawake ikaua watumishi wa Yodo, na mama akaanza kutaka mapatano. Yakafanyika mapatano, na kwenye mapatano hayo watu wa Ieyasu wakaanza kufukia mahandaki ya maji, ya nje wakamaliza, wakaendelea na ya ndani. Kwa udongo tena. Ngome kubwa kuliko zote Japani ikabaki uchi, na Juni 1615 ikaanguka, mama na mwana wakafa. Swali lako ni zuri ila naona utakubali kwamba hata pale makoleo yalifanya kazi kubwa kuliko mizinga.

Nimepata nafasi ya masomo Okayama kuanzia mwakani. Kuna chochote cha kuona Takamatsu? (Msomaji, Zanzibar)

Hongera sana mwanangu, na uende, sio mbali. Toka stesheni ya Okayama unapanda treni ndogo ya laini ya Kibi unashuka Bitchu-Takamatsu, alafu unatembea. Usitegemee mnara wala ukuta wa mawe, ni bustani tambarare, kuna kaburi la Muneharu, na wakati wa kiangazi bwawa linajaa mayungiyungi ambayo yaliota yenyewe walipolifufua, mbegu zilikuwa zimelala kwenye udongo. Kisha nenda Kawazugahana ukaone kipande cha tuta kilichobaki, kinalindwa na serikali kama eneo la historia. Simama juu yake uangalie uwanda, utaona mwenyewe kwanini maji yalikubali kukaa pale. Ila kuwa makini ukikata tiketi, kuna jiji kubwa linaitwa Takamatsu hivyo hivyo huko kisiwa cha Shikoku, ng'ambo ya bahari, nalo lina ngome yake, na treni za kwenda huko zinaondokea Okayama hapo hapo, kwahiyo angalia kabisa kwamba pameandikwa Bitchu.